Jirani Amevunja Ua, Polisi Wanataka Amri ya Mahakama

SWALI

Mheshimiwa Mshauri,

Asalaam aleikum. Mimi ni mjane wa miaka 61, nakaa Malindi, upande wa juu wa mji kuelekea mashambani, katika kiwanja alichonunua marehemu mume wangu mwaka 1994. Hatimiliki iko kwa jina lake hadi leo. Muda wote huo mpaka wetu na kiwanja cha kaskazini umekuwa ua wa minyaa, ambao mume wangu aliupanda kwa mikono yake akifuata bikoni mbili, yaani alama za mpaka, moja karibu na barabara na nyingine nyuma, penye mwembe. Mzee tuliyepakana naye hakuwahi kuuliza neno juu ya ua huo. Alipofariki watoto wake waliuza, na mwaka 2021 akaja jirani huyu wa sasa.

Mwezi uliopita jirani alileta vijana watano wenye mapanga na majembe. Waliifyeka minyaa yote kuanzia barabarani hadi mwembeni, mmoja wao akaingiwa na utomvu jichoni, na mimi ndiye niliyempa maji ya kunawa. Kisha wakachimba mtaro wa msingi wa ukuta, hatua nne ndani ya upande wangu, ukapita juu kabisa ya shimo langu la maji machafu. Nilipouliza wanafuata kipimo gani, kijana mmoja aliinua panga akaniambia kwamba nikiuvuka ule mtaro nitakwenda kulala na mume wangu. Jirani alikuwa amesimama pale pale, wala hakumkemea.

Jioni ile nilikwenda kituo cha polisi pamoja na kitinda mimba wangu. Askari wa zamu alisikiliza nusu ya maneno yangu, akasema haya ni mambo ya ardhi, twende kortini. Siku ya tatu nilirudi na barua ya kuomba askari wawili wasimame kiwanjani kwa siku mbili, ili fundi wangu ajenge ukuta kwenye mstari wa zamani. Nikaambiwa nilete amri ya mahakama. Nilipotoka nje, bwana mmoja nisiyemjua alinifuata akasema anaweza kunipangia askari wa kulinda ujenzi nikimpa shilingi 30,000.

Mwanangu mkubwa, aliyeko Mombasa, ameapa kuja Ijumaa hii na wenzake waujenge ukuta kwa usiku mmoja. Mimi silali. Kuti likianguka nje nakurupuka nikidhani wamekuja. Ile bikoni ya nyuma waliing'oa wakaitupa kwenye majani. Niliiokota, nikaiosha udongo, na sasa iko chini ya kitanda changu wasije wakaipoteza.

Naomba unijibu. Je, polisi hawana wajibu wa kunilinda? Barua yangu niliiandika vibaya? Na niwaache wanangu wajenge?

Mjane, Malindi

JIBU

Waalaikum salaam, na shikamoo mama. Pole sana kwa yaliyokufika, na kwa kutishwa na kijana mdogo penye ua wa marehemu mumeo, mbele ya mtu mzima aliyenyamaza.

Nitaanza na swali lako la mwisho, kwa sababu Ijumaa iko karibu. Mpigie simu mwanao leo umwambie asije na wenzake, na kama atakuja, aje peke yake akae na mama yake. Leo hii wewe ndiye uliyevamiwa, na kila mtu atakayeutazama mtaro ule ataliona hilo. Siku ambayo vijana kutoka Mombasa watashuka usiku na mawe na saruji, polisi watakuwa na makundi mawili yanayovutana juu ya kipande kimoja cha ardhi, na kawaida yao ni kukamata huku na huku. Sheria za jinai za Kenya zinamwadhibu mtu anayeingia kwenye ardhi kwa nguvu kwa namna inayovunja amani, hata kama anaamini kwa moyo wote kwamba ardhi ni yake. Nimewaona wazazi wa watu wenye haki kamili wakikesha nje ya seli wakisubiri dhamana, na mpaka wenyewe haujapimwa.

Sasa nije kwa polisi. Mama, nimeisoma barua yako mara tatu, na naamini kilichokukwamisha ni kwamba uliomba mambo mawili kwa pumzi moja. Kuna uhai wako, na kuna mstari wa mpaka. Uhai wako ni kazi ya polisi usiku huu huu, bila amri ya mahakama, bila hatimiliki, bila wakili. Sheria ya Huduma ya Kitaifa ya Polisi ya mwaka 2011, katika kifungu cha 24, inawapa polisi kazi ya kuwasaidia wananchi wenye shida, kudumisha amani, na kulinda maisha na mali. Haisemi popote kwamba mtu anayetishiwa panga aonyeshe kwanza kwamba kiwanja ni chake. Hata mpangaji, hata mgeni aliyefika jana, ana haki ya kuandikiwa taarifa ya tishio kama lile. Mstari wa mpaka, kwa upande mwingine, si kazi ya polisi kamwe. Askari hana mnyororo wa kupimia wala ramani ya msajili, na akisimama kumlinda fundi wako, tayari ameshaamua kwamba mpaka upo pale unaposema wewe. Kwa hiyo, ingawa wamekukosea sana kwa kutokuandika tishio la siku ya kwanza, katika kukataa kulinda ujenzi walikuwa na hoja, na kesho jirani yako naye akiomba askari wa kulinda ukuta wake utafurahi wakimjibu vivyo hivyo.

Rudi kituoni, na safari hii usianze na habari ya ardhi. Anza na panga. Eleza tarehe, saa, maneno yenyewe kama yalivyotamkwa, nani alikuwepo, na kwamba tangu siku hiyo unaogopa kutoka nje ya nyumba yako. Eleza pia kwamba ua umefyekwa na bikoni imeng'olewa, kwa sababu hayo nayo ni makosa ya jinai. Kuharibu mali ya mtu kwa makusudi kumo katika Kanuni ya Adhabu, na Sheria ya Usajili wa Ardhi ya mwaka 2012, kifungu cha 21, inaharamisha kung'oa au kuharibu alama ya mpaka bila idhini ya msajili. Hakikisha taarifa yako imeandikwa katika kitabu cha matukio, yaani OB, na usiondoke bila namba yake. Namba hiyo haiuzwi, wala hakuna ada ya kuandikisha taarifa. Askari wa zamu akirudia lile jibu la kwanza, mwombe kwa heshima umwone mkuu wa kituo mwenyewe. Na mkuu wa kituo naye akikufungia mlango, iko Mamlaka Huru ya Kusimamia Utendakazi wa Polisi, IPOA, ambayo hupokea malalamiko ya raia dhidi ya polisi, na kutotimiza wajibu ni lalamiko kamili.

Barua ya pili iandike upya. Uielekeze kwa mkuu wa kituo, uitie namba ya OB, upige nakala mbili, na moja igongwe muhuri wa kupokelewa ubaki nayo. Maneno yake yanaweza kuwa hivi:

"Mimi ni mjane ninayeishi na mwanangu mmoja. Tarehe fulani, saa fulani, kijana aliyeletwa na jirani yangu alinitishia kwa panga mbele ya mashahidi nilioandikisha majina yao. Naomba mambo matatu: mashahidi waandikishe maelezo, aliyenitishia na aliyemleta waitwe wahojiwe, na doria ya usiku ipite mtaani petu hadi jambo hili litakapotulia. Suala la mpaka nimelipeleka kwa msajili wa ardhi na siombi polisi waliamue."

Sentensi hiyo ya mwisho ina kazi kubwa kuliko zote. Inamnyang'anya askari lile jibu la "nendeni kortini", kwa sababu umekwisha kumwambia kwamba ya korti unayajua na unayafuata kwingine.

Polisi wakiridhika kwamba jirani au vijana wake wanaweza kuvunja amani, wanaweza kumfikisha mbele ya hakimu chini ya Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai, naye hakimu ana uwezo wa kumtaka aeleze kwa nini asiwekewe dhamana ya kulinda amani, yaani ahadi rasmi ya kutofanya fujo, kwa muda usiozidi mwaka mmoja. Njia hii haitumiki sana, nami nasikitika kwa hilo, kwa sababu kwa ugomvi wa majirani ambao bado haujamwaga damu sijui njia nyingine iliyo nyepesi kama hiyo. Haimfungi mtu wala haimnyang'anyi ardhi, lakini inamfanya afikiri mara mbili kabla ya kuinua panga. Itaje kituoni kwa jina lake, kwamba unaomba afikiriwe kuwekewa dhamana ya amani.

Yule bwana wa shilingi 30,000 usimjibu. Sheria ya Kupambana na Hongo ya mwaka 2016 inamshika mtoaji sawa na mpokeaji, na askari atakayekuja kwa njia hiyo hatakuwa na waraka wowote mkononi siku jirani atakapomuuliza ametumwa na nani.

Baada ya hapo ndipo tufike kwenye mstari wenyewe. Watu wengi wa Malindi hukimbilia mahakamani moja kwa moja na kesi ya mpaka, wanalipa wakili, wanasubiri miezi, kisha kesi inatupwa bila hata kusikilizwa. Sababu ni kifungu cha 18 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi niliyoitaja, kinachozuia mahakama kupokea kesi ya mpaka wa ardhi iliyosajiliwa kabla mpaka huo haujabainishwa kwa utaratibu wa sheria hiyo, na anayebainisha ni msajili wa ardhi. Kwa hiyo mlango wa kwanza ni ofisi ya msajili inayosimamia Kaunti ya Kilifi. Utaandika ombi la kubainishiwa mpaka, utalipa ada, naye atawapa notisi nyote wawili ya siku ya kufika kiwanjani pamoja na mpimaji wa serikali. Siku hiyo kila upande huonyesha ilipo mipaka kwa kadiri anavyojua, mpimaji hupima, na msajili huandika uamuzi. Asiyeridhika ndiye anayekwenda mahakamani, akiwa na ripoti mkononi.

Na hiyo siku ya kupima, mama, ndiyo siku unayotakiwa kuomba askari wawili uliowaomba mapema mno. Ni jambo la kawaida kabisa msajili kumwandikia mkuu wa kituo ampe ulinzi wakati wa upimaji, na polisi hawaoni tabu kuja, kwa kuwa wanamlinda afisa wa serikali kazini, si upande mmoja wa ugomvi. Mwombe msajili katika barua yako, ukitaja namba ya OB na lile tishio, kwamba notisi yake inakiliwe kwa mkuu wa kituo na kwa chifu. Jirani akijua askari watakuwepo, mapanga yatabaki nyumbani.

Hapa lakini pana kizuizi, nawe umekitaja kwa maneno machache tu: hati iko kwa jina la marehemu. Msajili atauliza wewe ni nani katika ardhi hii, na mahakama itauliza hivyo hivyo. Kuwa mjane wake hakutoshi. Unahitaji hati ya usimamizi wa mirathi, na kwa kuwa ninyi ni Waislamu mnaweza kuiomba katika mahakama ya Kadhi hapo hapo Malindi. Kadhi hana mamlaka ya kuamua mpaka wa majirani, kwa sababu Katiba katika ibara ya 170 imemwekea ndoa, talaka, mirathi na hadhi ya mtu, lakini mirathi ya mumeo ni kazi yake, na ndiyo itakayokufungulia milango mingine yote. Kama ukuta unapanda haraka na mirathi itachelewa, wakili anaweza kukuombea kwanza hati ya muda ya kuhifadhi mali ya marehemu na kusimama mahakamani kwa niaba yake. Nakusihi usiliahirishe hili. Najua ni vigumu kwa mjane kwenda kuyaandika hayo. Kwa wengi wetu ni kama kumzika mtu mara ya pili. Lakini kiwanja ambacho mwenyewe amefariki na hakuna aliyesimamishwa mahali pake ndicho majirani wenye tamaa wanachokitafuta.

Itazame pia hati yenyewe kabla hujaenda kwa msajili. Kama imeambatanishwa na ramani ya upimaji yenye urefu wa kila upande na namba za bikoni, mpaka wenu huenda ulipimwa kikamilifu, na kazi ya mpimaji itakuwa kuzirudisha bikoni mahali pake kwa vipimo hivyo. Kama hati inarejelea tu ramani ya jumla ya msajili, mpaka huhesabiwa kuwa wa makadirio, na hapo kile kilichoonekana juu ya ardhi kwa miaka mingi, kama ua wenu, kinakuwa na uzito mkubwa. Minyaa ina tabia njema: hata ikikatwa hadi chini, visiki huchipua. Usiruhusu mtu avichimbe. Vipige picha leo vikiwa vimejipanga mstari, kutoka barabarani hadi mwembeni, na mtu asimame kando ili urefu uonekane. Upige picha mtaro, shimo la maji machafu na mwembe katika fremu moja. Watafute wale watoto wa mzee wa zamani, uwaulize kama wako tayari kusema walikulia upande gani wa ua ule.

Na hata upimaji ukionyesha kwamba marehemu aliupanda ua futi mbili ndani ya kiwanja cha jirani, usikate tamaa. Sheria ya Kenya humpa mwenye ardhi miaka 12 kuidai kutoka kwa mtu aliyeikalia waziwazi bila ruhusa yake, na tangu 1994 hadi ua ulipofyekwa imepita miaka mingi zaidi ya hiyo. Ni hoja ya kupeleka mbele ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi kwa mkono wa wakili. Usimtangazie jirani kizingitini.

Ikiwa mafundi wake watarudi kumwaga zege kabla msajili hajafika, wakili wako anaweza kuomba mahakama isimamishe ujenzi. Atahitaji kulitunga ombi kwa uangalifu, aeleze tishio, uvamizi na ombi lililo mbele ya msajili, bila kuitaka mahakama iamue mpaka. Amri ya dharura inayotolewa bila upande wa pili kusikilizwa haizidi siku 14, kwa hiyo mwambie aombe palepale kwamba mkuu wa kituo asaidie kuitekeleza. Amri yenye maneno hayo ndiyo waliyokuwa wakikuomba pale kituoni. Ukiipata, mkabidhi jirani nakala mbele ya shahidi, upeleke nakala iliyothibitishwa kituoni, na hapo askari hana tena pa kusema ni mambo ya ardhi.

Chifu na wazee wa mtaa waone pia, kwa ajili ya kutuliza hasira, maana wana sauti ambayo askari hana na Katiba inahimiza suluhu ya namna hiyo. Lakini usitie sahihi wala dole gumba kwenye karatasi yoyote inayotaja mpaka mpya kabla ya upimaji, hata ukiambiwa ni ya amani.

Imebaki ile bikoni chini ya kitanda. Uliiokota kwa nia safi, naamini hivyo, lakini mtu asiyekujua anaweza kusema kwamba wewe ndiye uliyeing'oa. Kesho ukienda kuandikisha taarifa, sema wazi kwamba unayo, uliiokota lini, wapi, na nani alikuona, na uombe hilo liandikwe kwenye OB pamoja na mengine. Piga picha lile shimo ilimotoka kabla mvua haijalifukia, na uwekee kijiti pembeni yake, si ndani yake. Usiirudishe mwenyewe, wala mwanao asiirudishe, hata kama mahali pake mnapajua kwa kufumba macho. Ifunge kwenye kanga, ikae hapo ilipo, na siku mpimaji atakapofika na askari wake umkabidhi yeye mkononi, mbele ya jirani.